Enzi zetu? Chagulaga, mayu!

Wiki hii tuelewane mapema, msomaji wangu. Kuna ugonjwa umeingia hapa Shinyanga na daktari wake sijamwona. Dalili zake ni hizi: kijana wa miaka thelathini na kitu, meno yote yapo, mvi hata moja hana, anakaa kijiweni karibu na stendi, anavuta pumzi ndefu kama mstaafu wa reli, halafu anatamka, "Aisee, enzi zetu!"

Enzi zenu zipi, kaka? Za Mwanamalundi? Wapi! Anazungumzia 2010. Juzi tu hapo.

Zamani nilikuwa nacheka. Siku hizi cheko limepungua, maana na mimi nikipita mitaani naona vitu nilivyokulia havipo tena. Miaka kumi tu, kuanzia 2010 hadi 2020, imeufagia mji wetu kama binti aliyeambiwa wageni wako njiani. Kwa vile kila mtu anakumbuka kwa sauti, leo na mimi nakumbuka. Ila mimi ni mwanamke, tena mjukuu wa bibi mmoja wa Kishapu, kwa hiyo hesabu yangu haitatoka sawa na ya hao mabingwa wa kijiweni. Nivumilie hadi mwisho.

Tuanze na usafiri. Ukimtajia mtu wa Dar daladala, yeye anaona basi dogo limejaa watu hadi mlangoni. Kwetu Shinyanga na jirani zetu wa Kahama, daladala ilikuwa baiskeli. Phoenix nyeusi, keria imewekewa kigodoro chenye kitambaa cha maua, kengele mbele, na mwenyewe ana mapaja magumu kama mti wa mkwaju. Mji wetu ni tambarare, milima ya kumtesa mtu hakuna. Basi msichana unakaa upande, sketi umeibana vizuri, unapelekwa polepole huku mnapiga stori. Unatesa! Mtaa mzima unakuona ulivyopendeza. Tena yule kijana anapajua kwenu, anamjua baba yako, na giza likianza kuingia anakuuliza mwenyewe, "Dada, mzee hatakufokea leo?"

Zikaja pikipiki. Vijana wakauza ng'ombe wa urithi, wakarudi na SanLG inayong'aa kama meno ya tangazo la dawa ya mswaki. Baada ya muda mfupi baiskeli ikawa usafiri wa gunia la mkaa na wa mtu asiye na haraka. Bodaboda yeye hana muda wa stori. "Buku, dada, twende?" Basi, mmemaliza mazungumzo. Unafika haraka, sikatai, ukifika. Wodi za majeruhi nazo zimepata wateja ambao baiskeli haikuwahi kuwapelekea.

Halafu muziki. Nyie mnaosikiliza wimbo saa ileile umetoka, hamjui raha ya kufunga safari kwenda kuufuata. Mwaka 2010 nilikuwa kidato cha pili. Pale sokoni kulikuwa na jamaa mwenye kompyuta yenye mgongo mkubwa na spika mlangoni. Unampa memori kadi yako, ndogo kama ukucha, anakuingizia nyimbo kumi kwa jero. Foleni ile ilikuwa na kila kitu: mabishoo wa sekondari, kondakta wa basi, mama wa kwaya, na mchimbaji aliyetoka machimboni na noti zenye vumbi jekundu. Jamaa alipanga mafaili yake kama mkutubi: Bongo Fleva, Dini, Zilipendwa, Kisukuma.

Hilo la mwisho lilikuwa na kasheshe. Nyimbo za Kisukuma tulizipenda wote, ila kuzipiga mbele za watu ilikuwa aibu! Ungeitwa mshamba hadi ukome. Mimi zangu nilizifungia kwenye faili nililoliandika MASOMO. Mama akishika simu anafurahi, mtoto anasoma.

Na filamu je? Kila mtaa ulikuwa na banda la video, na kila nyumba yenye deki ilikuwa na rundo la DVD. Juu ya rundo hilo alikaa Steven Kanumba, mtoto wa hapahapa, aliyezaliwa Shinyanga Januari 8, 1984. Watu wa Dar walimwona staa wa Bongo. Sisi tulimwona kaka aliyeondoka na begi moja akaenda kutuwakilisha. Alipofariki Aprili 7, 2012, akiwa na miaka 28, mji huu ulinyamaza. Nakumbuka mama muuza mihogo aliyefunga biashara saa nne asubuhi akisema hawezi kuchoma mihogo siku ya msiba wa mwanawe. Hakuwa ndugu yake hata wa mbali. Baada ya hapo filamu ziliendelea kutoka, lakini deki zilianza kuzeeka, ving'amuzi vikaingia, simu zikawa kubwa, na banda la video la mtaani kwetu sasa ni saluni ya kiume. Kiti cha kunyolea kipo palepale lilipokuwa limesimama kabati la televisheni. Nimeingia nikaona.

Sasa nije kwenye kidonda chenyewe. Mpira.

Kuna timu hapa nchini zilizaliwa na mashirika, nyingine na majeshi. Yetu ilizaliwa stendi ya mabasi. Stand United, Chama la Wana! Watu wa stendi, wapiga debe na wenzao, walianzisha timu, na mwaka 2014 timu hiyo ikapanda Ligi Kuu. Uwanja wa Kambarage ukafurika. Simba na Yanga wakawa wanatufuata sisi. Mwaka 2015 wakapanda na Mwadui, timu ya kwenye mgodi wa almasi uliotokana na ugunduzi wa yule Mkanada, John Williamson, mwaka 1940. Fikiria mwenyewe: mkoa wetu ambao watu wanautaja kwa njaa, ukame na uchawi tu, una timu mbili Ligi Kuu kwa mpigo! Siku ya mechi yao ya jirani, muuza karanga alikuwa anamaliza beseni kabla ya mapumziko.

Pesa ya udhamini kutoka kampuni ya migodi ya Acacia iliingia Stand, na mgogoro nao ukaingia nyuma yake, kambi hii na kambi ile. Mwaka 2019 Stand ikashuka. Mwaka 2021 Mwadui nayo ikaifuata. Miaka saba tu, kuanzia shangwe hadi kimya. Hapo kijana wa kijiweni akivuta pumzi ndefu, namwachia. Navuta na mimi.

Mpaka hapa tuko pamoja, siyo? Utamu mtupu. Sasa kaa vizuri.

Kwenye shule ya sekondari niliyosoma nilikuwa na rafiki tuliyekaa naye dawati moja. Jina lake nalihifadhi, leo tumwite Dawati. Alikuwa anatoka kijiji cha mbali, akapanga chumba na wenzake wawili, unga na michembe analetewa kutoka nyumbani. Hesabu alinizidi mara mia. Mimi nilimzidi maneno tu, kama unavyoona.

Siku za mnada njia ya kwao ilikuwa na mchezo. Wenyewe walisema ni mchezo. Vijana wanane au kumi wanamzunguka msichana mmoja, wamependeza, redio begani, viatu vimepakwa rangi. Wanamwambia, "Chagulaga, mayu!" Chagua, mama. Lazima uchague mmoja wao. Ukikimbia wanakukimbiza. Ukikataa wote umewatukana wote, na fimbo za kuchungia ng'ombe zina kazi zaidi ya moja. Wanaume wakiisimulia chagulaga leo wanacheka hadi wanashika mbavu, jinsi walivyokuwa wakali wa kutongoza kwa timu. Mimi sijawahi kumsikia mwanamke aliyekimbizwa akiisimulia kwa kicheko kilekile.

Dawati alichaguliwa kabla hajachagua. Likizo ya Juni 2010 alikwenda kwao, na shule ilipofunguliwa nafasi ya pembeni yangu ilikuwa wazi. Ng'ombe kumi na wanane walikuwa wameshaingia zizini kwa baba yake. Alikuwa na miaka kumi na tano. Sheria ya Ndoa ya 1971 ilimruhusu binti wa umri huo kuolewa mzazi akikubali, kwa hiyo nani angesema kitu? Mwalimu aliita jina lake wiki mbili, kisha akaacha.

Usidhani ni kisa cha mtu mmoja. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka huohuo wa 2010 ulikuta kwamba kwa mkoa wa Shinyanga, ule wa zamani kabla ya kugawanywa 2012, asilimia 59 ya wanawake wa miaka 20 hadi 24 waliolewa kabla ya kufikisha miaka 18. Tulikuwa wa kwanza nchi nzima. Kombe tulilolibeba bila Stand wala Mwadui kugusa mpira.

Mwaka jana nilikutana naye Kahama, anauza mchele, ana mwili, ana sauti, wateja wanamwogopa. Tukakumbatiana. Kwa mazoea ya siku hizi nikaanza, "Unakumbuka 2010, zile nyimbo kumi za jero?" Akanitazama kama mtu aliyeulizwa habari za Ulaya. Akasema, "2010 mimi sikuwepo. Nilikuwa nimeolewa."

Nilikosa cha kumjibu. Na mimi kukosa maneno ni habari ya ukurasa wa mbele.

Kisa cha pili ni cha bibi yangu. Kwao Kishapu miti ya kuni ilikuwa adimu, wakapikia mabua ya pamba na kinyesi cha ng'ombe kilichokaushwa. Pika hivyo miaka hamsini ndani ya kijumba kisicho na dirisha, uone macho yako yatakuwa ya rangi gani. Mekundu. Na kwetu, mwanamke mzee, mjane, mwenye macho mekundu na shamba zuri, alikuwa ameshahukumiwa. Mtoto wa jirani akiugua homa, macho ya watu yanageukia kwake. Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu kilihesabu watu 765 waliouawa kwa imani za kishirikina nchini mwaka 2013 peke yake, na 505 kati yao walikuwa wanawake. Wengi wa kanda yetu hii.

Mwaka huohuo mtu alimwekea bibi barua chini ya mlango. Hajui kusoma, akampelekea mjukuu wa jirani amsomee. Mtoto akasoma mistari miwili, akaanza kulia. Wajomba walimleta mjini usiku huo kwa pikipiki, kigoda chake kimefungwa nyuma. Ndiyo, bodaboda ileile niliyoisema vibaya hapo juu. Baiskeli isingefika.

Katika miaka hiyohiyo kulikuwa na watoto wenye ualbino waliokusanywa katika kituo cha Buhangija, manispaa hapa, mamia yao, wakilala kwa kubanana, kwa sababu nyumbani kwao palikuwa pa hatari zaidi. Waganga waliwaambia wachimbaji na wavuvi kwamba kiungo cha binadamu kinaleta mali, na wapo waliosadiki. Hadi Machi 2015 polisi walikuwa wamekamata waganga zaidi ya mia mbili. Kwa hiyo mtu akinisimulia mchimbaji wa enzi zile aliyepata mali kwenye duara akawanunulia bia baa nzima, nasikiliza, nacheka panapochekesha, lakini nakumbuka pia wale watoto walioshindwa kwenda dukani peke yao.

Siku moja nikiwa nampaka bibi mafuta miguuni nilimuuliza, "Bibi, eti zamani ilikuwa nzuri?" Akafikiri. Akasema, "Ilikuwa nzuri mchana."

Sasa nisieleweke vibaya. Sikuja hapa kuuza usasa kama mtu mwenye kamisheni. Miaka kumi ile imetuachia na uchafu wake. Zamani ukitongozwa ulitongozwa na kijana unayemjua kwao. Sasa kuna chagulaga ya mtandaoni, watu kumi wanakuzunguka kwenye simu usiku wa manane, na ukiwakataa wanakutukana hadharani. Fimbo hawana, lakini maneno wanayo ya kutosha. Zamani jioni watoto walikaa na bibi wakategua vitendawili. Sasa bibi anakaa na watoto wanne, kila mmoja kainamia kioo chake, na yeye anawaangalia kama abiria aliyepitwa na basi.

Lakini yapo mageuzi ambayo siwezi kuyaonea haya. Mwaka 2016 sheria ya elimu ilirekebishwa, anayemuoa mwanafunzi au kumpa mimba anaweza kufungwa miaka 30. Mwaka huohuo Rebeca Gyumi alishinda kesi Mahakama Kuu dhidi ya vifungu vya ndoa za utotoni, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikatupa rufaa ya serikali. Novemba 2021 milango ya shule ikafunguliwa kwa wasichana waliojifungua. Sheria haitembei yenyewe hadi kijijini, najua, inahitaji bodaboda. Ila sasa binti ana cha kushika mkononi akiambiwa ng'ombe wameingia.

Hata dhahabu imebadilika tabia. Binamu yangu anachimba Mwakitolyo. Zamani aliuza usiku, nyuma ya gesti, kwa mnunuzi mwenye mizani yake na hesabu zake. Machi 2019 yalipoanza masoko ya madini, la kwanza Geita, akaanza kuuza mchana kwenye mizani ya wazi, na karatasi anapewa. Analalamika tozo kila siku, lakini hajarudi nyuma ya gesti.

Na kuna moja linalonifurahisha ile mbaya. Ule Usukuma tuliouficha kwenye faili la MASOMO umetoka nje kifua mbele! Waimbaji waliokuwa wanazunguka na minada sasa video zao zinatazamwa na watu walioko Ulaya. Mwaka 2021, kwenye tamasha la utamaduni kule Kisesa, Rais Samia alisimikwa akaitwa Chifu Hangaya. Mabinti wa mjini wakiagwa kwao wanataka ngoma ya Kisukuma, tena yenye nyoka. Mwezi uliopita nilikuwa kwenye sherehe moja, mchezaji akaingia ukumbini na chatu shingoni, mshereheshaji akatoka kwa dirisha akaacha maiki inapiga kelele. Bibi yangu alicheka hadi akaomba maji. Akasema enzi zao Bagika na Bagalu walishindana hivyo siku tatu mfululizo na hakuna aliyekimbia.

Kwa hiyo ninyi wa kijiweni, sina ugomvi na ninyi. Kumbukeni. Ila msitubebee gunia zima bila kufungua tuone ndani mna nini. Neno lenyewe mnalo, tena la kwetu: chagulaga. Safari hii anayechagua hakimbizwi na mtu, na sitaki kuambiwa nichague mmoja.

Mimi nachagua hivi. Nachukua baiskeli na stori zake. Nachukua foleni ya jero ambapo mama wa kwaya na mchimbaji walisimama pamoja. Namchukua Kanumba, na yule mama aliyefunga mihogo. Nachukua Kambarage ikiwa imejaa, na stendi iliyothubutu kuanzisha timu. Nachukua nyimbo za Kisukuma, sauti juu, mchana kweupe. Fimbo za njia ya mnada nawaachia. Ng'ombe kumi na wanane nawaachia. Ile barua ya chini ya mlango nawaachia, mkaichome.

Binti wa kwanza wa Dawati mwaka huu ana umri uleule aliokuwa nao mama yake. Yuko sekondari. Nilimuuliza Dawati kama ng'ombe wameshaulizia. Akacheka, akapima kilo ya mchele ya mteja, akaongeza kiganja kimoja juu, akasema, "Wameulizia. Nimewaambia zizi limejaa vitabu."

Haya, na wewe msomaji, ukimsikia mtu leo anasema "enzi zetu," mnunulie chai kwanza, kisha umuulize taratibu: zenu na nani? Kisha chagulaga mwenyewe.